Kona ya Bohari

Gemu lenyewe ni la zamani, la diski mbili.
Tulilinunua limekwaruzika kwa Bwanaadi wa Langoni
mwaka ambao meno yangu ya mbele yalikuwa hayajaota.
Vivuli vyake vilichorwa kwa brashi.
Pipa lilikuwa na weusi wake chini, umeganda,
taa iwake, taa izimwe, weusi ule ule,
kama wanja wa bi harusi aliyelala nao.

Sasa nina kadi ya michoro, mtumba wa Mombasa,
ilifika Mokowe ndani ya gunia la vitunguu.
Feni yake moja ina kikohozi.
Mama yuko jikoni anasikia tokeni za umeme zikiyeyuka.
"Famau, ndoo. Chai yapowa."
Naja, mama. Nauhesabu mwanga.

Maana ndivyo ilivyo, na nilipoelewa nilicheka peke yangu:
katika hesabu hii mwale hautoki kwenye taa.
Unatoka jichoni.
Jicho linautuma, unagonga ukuta, unaruka,
unagonga sakafu, unauliza kila kitu,
umeiona taa? na wewe, umeiona?
kama mtoto aliyetumwa chumvi nyumba ya tatu.
Mwingine haurudi na jibu. Hapo ndipo giza.

Miezi minne nafuta.
Pipa kwa pipa, ngazi kwa ngazi, nimefuta brashi,
nikaupa kila ukuta namba yake ya ung'avu na ukavu.
Chokaa ilinishinda. Ilitoka kama beseni la plastiki.
Nikashuka chini saa nne asubuhi,
nikakaa mkekani kuzitazama zidaka zetu,
jinsi jua linavyoanguka kiwandani, likavuka msana,
likafika ukuta wa ndani limechoka, rangi ya tui,
na zidaka zikaligawa, kila kidaka tone lake,
mpaka kikombe cha buluu cha bibi
kikaupaka ukuta buluu kidogo, pale kinapougusa.
Fundi wa nyumba hii hakuwa na kadi.
Nikapanda juu, nikabadilisha namba tatu.

Usiku ule bohari la gemu likawa bohari.
Dimbwi likashika dirisha.
Mlinzi akapita, kivuli chake kikapanda ngazi kabla yake.
Fremu kumi na tisa kwa sekunde, na nilisimama wima.
Nikaona pia aibu za waliolitengeneza:
mlinzi hana kisogo,
nyuma ya mlango wa chuma hakuna chumba.
Giza lilikuwa likiwasitiri.

Nikampigia kaka Shali, Doha.
Shali analinda lango la ghala chini ya taa za mnara,
taa sita, asema, mpaka mtu hana kivuli,
ana sita, vyote hafifu, hata kimoja hakimtoshi.
Nikaielekeza simu kwenye skrini. Akanyamaza.
"Twende kwenye kona yetu. Nyuma ya makreti."

Kona ile tulijibanza wawili kwenye kibodi moja,
yeye mishale, mimi kitufe cha kuinama,
mlinzi akipita hatua mbili tu kutoka hapo,
nasi tumezuia pumzi, zetu za kweli,
mpaka mama akadhani tumelala.

Nikampeleka. Kona ilikuwa nyeupe.
Mwanga ulitoka dimbwini, ukaruka ukutani,
ukaingia chini ya makreti, kwa hesabu isiyo na dosari.
Mlinzi akageuka. Akatuona.

"Famau," akasema, "mbona umeniwashia taa?"
Hakuwa na hasira. Taa za mnara zilikuwa zikimla masikio.
Nikabishana naye kidogo, nikamwambia ndivyo nuru ilivyo.
Akasema zamu yake inaanza.

Leo faili liko tayari.
Ila nimerudi kwenye folda ya zamani,
nikatoa kivuli kimoja cha brashi,
pikseli sitini na nne kwa sitini na nne,
kingo zake kama meno ya mbuzi ya kukunia nazi,
nikakibandika konani, nikaandika amri:
miale ikifika hapa, isiulize.

Atakayelicheza atasema fundi amesahau.
Na aseme.